Aksanti wa Kurasa za Kushoto

Katoni ya kitabu cha nne ilifika Guildford, kitongoji cha Sydney, Jumamosi asubuhi, maharagwe yakiwa jikoni. Kyakimwa aliifungua kwa kisu cha mkate, akatoa nakala moja, akaanza na kurasa za kushoto, kwa sababu huko ndiko mambo yalikokuwa yakibadilika.

Aliandika vitabu vya watoto kwa lugha mbili, Kiswahili kushoto, Kiingereza kulia. Msichana wa vitabu vyote alikuwa Aksanti, jina la bintiye wa kwanza, aliyebaki katika kambi ya wakimbizi Uganda akingoja viza. Katika kitabu cha kwanza Aksanti alipanda ndege akaja Sydney kwa mama yake. Kyakimwa aliandika hivyo pande zote mbili. Kilipochapishwa, Aksanti wa kulia alishuka uwanjani na begi jekundu. Wa kushoto alikuwa bado kambini, kwenye foleni ya maji. Mchapaji aliombwa arudie. Akarudia, na foleni ikawa imesogea kidogo.

Vanessa, mhariri wake, hakuona shida. "Wanaosoma upande ule ni wachache," alisema. "Na hawajalalamika."

Kweli hawakulalamika. Wazazi wa Kikongo waliusoma taratibu, kama watu wanaopokea habari za nyumbani.

Katika kitabu cha pili Aksanti wa kulia alijifunza kuogelea. Wa kushoto aliugua malaria. Kyakimwa alipiga simu kambini, akaambiwa ndiyo, homa imempanda.

Cha tatu kilipata tuzo. Aksanti wa kushoto alikuwa amerefuka, na mwanamume mwenye pikipiki alisimama karibu na hema lake katika picha ambazo mchoraji hakuzichora. Kyakimwa alikipeleka kitabu ofisi ya viza. Karani alizitazama picha zile kwa makini, akasema kitabu cha hadithi si ushahidi.

Na sasa hiki cha nne. Kushoto palikuwa na hema, mkeka, kikombe cha plastiki. Alifunua kurasa zote. Mwishoni alikuta alama za tairi kwenye matope.

Divine, binti mdogo aliyezaliwa huku, alichungulia, akauliza kwa Kiingereza dada ameenda wapi.

"Nenda ukanawe mikono," Kyakimwa alisema, akampigia Concilie, jirani wa Aksanti kule kambini.

"Mama Aksanti, nilikuwa nataka kukupigia," Concilie alisema. "Hatumuoni tangu juzi. Nguo zake zote ziko. Tunamtafuta."

Kisha akampigia Vanessa, akamweleza.

"Upande wa kulia uko sawa?" Vanessa aliuliza.

"Uko sawa."

"Basi uzinduzi uko palepale."

Walikizindua katika ukumbi mmoja wa kitongoji cha Quakers Hill. Kyakimwa alisoma Kiingereza, na watoto wakapiga makofi Aksanti wa kulia alipokata keki. Nyuma yao mzee Mushagalusa, Mkongo mwenzake, alisoma kushoto mpaka mwisho, akavua kofia. Baadaye alipanga foleni ya kusainiwa kitabu.

"Pole, mama," alisema.

"Asante, baba. Niandike jina la nani?"

Alimtajia la mjukuu wake, naye akaliandika.

Walipokuwa wanakunja meza, Vanessa alizungumzia kitabu cha tano, Aksanti anaanza sekondari. Kuhusu kurasa za kushoto, alipendekeza safari hii ziachwe tupu, watoto wapate mahali pa kuchora.

Kyakimwa aliitazama simu yake. Hakuna aliyekuwa amepiga. Akasema sawa.