Siku Serikali Ilipomwapisha Babu

Serikali ina ugonjwa mmoja: haiwezi kuzungumza na watu wasio na chifu. Ikikuta kijiji kisicho na chifu hutokwa jasho, hukosa usingizi, na mwishowe huwatengenezea mmoja.

Sisi Wamangyani, kabila la bonde la juu, hatujawahi kuwa na chifu. Tuna wazee, wazee wana tambuu mdomoni, na jambo likiwa zito huamuliwa tambuu ikiisha. Babu zetu walipowaona mapadri, wanajeshi, wakusanya kodi na wafuga ng'ombe wakija kutoka pwani, hawakupigana wala hawakusalimu amri. Walipanda juu. Wakifuatwa, walipanda tena. Huo ndio mkakati wetu wa ulinzi, na umetufaa karne kwa karne. Una kasoro moja tu: mlima una kilele.

Kilele chetu ni jabali la marumaru. Kuna kampuni inayotaka kulikata vipande vipande ili matajiri wa Manila wapate mahali pazuri pa kuogea. Ndani ya jabali hilo kuna pango, na ndani ya pango wamo watu wetu wote waliotangulia, isipokuwa babu yangu Tagwan. Yeye alikuwa hajaingia bado.

Tulimzika mwaka jana. Mwaka huu, kama ilivyo desturi, tulimfukua, tukaisafisha mifupa yake, tukaifunga kwa nguo tabaka juu ya tabaka mpaka ikarudi kuwa umbo la mtu. Tukamvika shati lake la kudariziwa, shanga, na kilemba kikubwa kilichofunika uso wote, kisha tukamkalisha kwenye kibanda cha karamu. Karamu hiyo tunaiita panludan. Jamaa hutoka mabonde yote, nguruwe huchinjwa, upatu hupigwa, na aliyefukuliwa hulishwa wali na kuongeleshwa. Ikiisha, mwanawe mkubwa humbeba mgongoni hadi pangoni. Mwana huyo ni mjomba wangu Ayakan.

Siku hizo hakuna anayemwita babu marehemu. Yeye ni mgeni, alisafiri, amerudi. Anayesahau hukumbushwa na mkewe, Bibi Umbing, kwa mwiko.

Basi katikati ya karamu hiyo, akihema kama mvukuto wa mhunzi, akatokea Mheshimiwa Eleuterio Magsombol. Anatoka kwenye ofisi inayoshughulikia mambo yetu, yaani imebandika picha zetu ukutani. Alikuja na mpiga picha, katoni za samaki wa kopo, na utepe mpana wenye rangi za bendera, wa kumvika chifu. Alitaka mambo mawili: chifu achaguliwe siku hiyo hiyo, na chifu aseme ndiyo kwa kampuni.

Kila mtu alijua nani ameandaliwa. Kwa miezi kadhaa Mjomba Ayakan alikuwa akiitwa mjini, akinyweshwa soda, na alikuwa ameshaanza kukohoa kabla ya kuzungumza, kama wakubwa.

"Mjomba," nilimwuliza jikoni, "ukiapishwa utasema nini?"

"Nitasema kama kiongozi."

"Yaani ndiyo."

"Wewe shule imekuharibu mdomo."

"Mdomo huo kazaliwa nao," alisema Bibi Umbing, akigeuza wali. "Ayakan, kesho baba yako utampeleka wapi? Bafuni kwa watu?"

"Mama, wameahidi kutujengea pango jingine. La saruji. Lina umeme."

"Umeme wa nini? Baba yako asome gazeti?"

Mjomba alikohoa, akatoka. Bibi aliendelea kugeuza wali ambao ulikuwa umeiva zamani. 

Nilifanywa mkalimani wa Kitagalogi, lugha ya watu wa pwani, kwa sababu nilikuwa nimevaa shati lenye nembo ya shule ya bweni ya masista. Mheshimiwa ametuhudumia miaka mingi na anajua neno moja la lugha yetu, nalo ni la nguruwe.

"Ndugu zangu," alianza kwenye kipaza sauti, ingawa tulikuwa tumemkaribia kiasi cha kuhesabu meno yake, "ninyi ni hazina ya taifa!"

"Anasema sisi ni mali ya serikali," nilitafsiri.

"Hilo tunalijua," alisema mzee mmoja. "Aendelee."

"Ofisi yangu haimlazimishi mtu! Chagueni wenyewe. Waulize, kijana: ni nani ambaye nyote mnamsikiliza? Nani akisema neno, ugomvi unakwisha?"

Nilitafsiri neno kwa neno, kwa uaminifu ambao masista hawajawahi kuushuhudia kwangu.

"Tagwan," alisema yule mzee.

"Tagwan," walisema wanawake waliokuwa wakikatakata nyama.

"Tagwan! Nani mwingine?" wakasema wote. Mjomba Ayakan, aliyekuwa ameshanyanyuka nusu, akajikuta hajasimama wala hajakaa. Akachagua kukaa.

"Huyo Tagwan ni nani? Yupo?" aliuliza Mheshimiwa.

Nilimtazama Bibi. Bibi aliutazama mwiko.

"Yupo, Mheshimiwa. Amekaa pale kibandani."

"Mbona haji mkutanoni?"

"Hawezi kutembea."

"Mgonjwa?"

"Hapana. Alikuwa anaumwa, lakini sasa haumwi tena."

"Sijapata kumwona."

"Alikuwa safarini mwaka mzima. Amerudi juzi."

"Kitagalogi anajua?"

"Haongei, Mheshimiwa."

"Haongei kabisa?" Uso wake ulianza kung'aa. "Na kupinga je? Ni mtu wa kupingapinga?"

"Tangu arudi hajapinga lolote."

Mheshimiwa alimgeukia mpiga picha kwa furaha ya mtu aliyeokota dhahabu barabarani. "Huyu ndiye kiongozi tuliyekuwa tukimtafuta! Katika ofisi yetu, asiyepinga amekubali."

Mjomba Ayakan aliruka. "Mheshimiwa, ngoja! Baba yangu ame—"

"Amefanya nini?" Bibi alimkata. "Sema, mwanangu. Sema, anakusikia."

Mjomba akautazama mwiko, akakaa.

Hapo ndipo maneno ya Mheshimiwa yaliponiingia. Asiyepinga amekubali! Nilidhani nimeweka gogo njiani, kumbe nimemjengea Mheshimiwa daraja. Babu, ambaye enzi zake alibishana na mvua, sasa angeliuza jabali kwa kunyamaza tu.

Kibanda kimeinuliwa juu ya nguzo, na ngazi yake ni ya mianzi. Mheshimiwa aliipima kwa macho, akajipima na yeye, akaamua kumwapisha chifu kutoka chini. Alisoma kiapo kirefu kuhusu katiba, uzalendo na usafi wa mazingira. Baada ya kila kipengele alisubiri kidogo. Babu alikuwa mtulivu. Nimeona viapo vingi shuleni, na sijaona mtu aliyeapa kwa utulivu ule.

"Safi! Na sasa, Chifu Tagwan, je, unaikubali kampuni? Kama una pingamizi, sema sasa."

Jogoo akawika. Mtoto akapiga chafya. Kibandani kimya.

"Imepita!" alisema Mheshimiwa. "Tuma picha za kiapo mjini haraka, kabla mtandao haujakata."

"Nimeshatuma, bosi," alisema mpiga picha, akiwa amesimama juu ya jiwe na kuinua simu. "Wamejibu. Wanasema hongera, chifu ana sura ya hekima. Ila wanataka moja umemvika utepe na kumkumbatia."

Mheshimiwa alipanda. Mimi nilishika ngazi kwa adabu zote. Alimvika babu utepe, akakaa kando yake, akampitishia mkono begani na kumvuta karibu.

"Tabasamu kidogo, mzee wangu," alisema.

Bega likabonyea. Kilemba kikateleza. Na babu, ambaye hakuwa na la kufanya, akatabasamu.

Sauti iliyomtoka Mheshimiwa haikuwa ya Kitagalogi wala ya lugha yoyote tunayofundishwa. Alishuka bila kuisumbua ngazi.

"Amekufa!" alipiga kelele, magoti yakiwa kwenye matope. "Chifu amekufa!"

"Sasa hivi?" aliuliza mpiga picha, ambaye alikuwa bado anarekodi. "Bosi, si umemkumbatia tu?"

Upatu ulinyamaza. Bibi Umbing akaja taratibu na mwiko wake. "Anasema nini huyu?"

"Anasema babu amekufa," nilitafsiri.

"Mwambie aombe radhi. Tena aongee polepole, mgeni wangu hajamaliza kula."

Ofisini hawampi mtu cheo bure. Mheshimiwa alijifuta matope, akamshika Mjomba Ayakan mkono na kumvuta mbele ya watu wote.

"Basi imekuwa rahisi zaidi," alisema. "Chifu hayupo, mwanawe anarithi. Ayakan, ndugu yangu, panda ukachukue utepe. Useme ndiyo, tupige picha, tushuke. Ile nyumba ya barabarani tuliyoongea, ni yako."

Hata mbwa waliacha kutafuta mifupa. Mjomba alikohoa. Akamtazama mama yake. Bibi safari hii aligeuza uso, akaangalia jabali. Mjomba akapanda ngazi.

Nilimwona akipiga magoti mbele ya babu na kuunyoosha mkono kwenye ule utepe. Akaushika.  Kisha akauachia, akakinyanyua kilemba kilichoanguka, akakifunga upya, taratibu, kwa fundo alilofundishwa na babu mwenyewe. Akamlisha tonge la wali. Alipotokeza mlangoni hakukohoa.

"Mheshimiwa," alisema, "umemwapisha baba yangu, umemuuliza swali, umemkumbatia. Kwetu ukimuuliza mtu swali, unasubiri ajibu."

"Atajibu lini?"

"Hakuwa mtu wa haraka."

"Lakini asiyepinga amekubali! Ndivyo utaratibu ulivyo!"

"Sawa. Andika amekubali. Na huyu ndugu yako mwenye kamera awaonyeshe wakubwa zako jinsi alivyokubali."

Mheshimiwa alimtazama mpiga picha. Mpiga picha aliitazama kamera yake kama mtu anayemfikiria kila rafiki atakayemtumia.

"Futa," alisema Mheshimiwa.

"Ya kukumbatia naweza, bosi. Ya kiapo wameshaibandika kwenye ukurasa wa ofisi. Gavana ameipenda."

Basi ikawa hivyo. Ofisi ilikuwa imeshatangaza chifu mpya mwenye sura ya hekima. Kumtoa ni kukiri kwamba imemwapisha maiti. Kumwacha ni kumsubiri ajibu. Mheshimiwa alisimama katikati ya mambo hayo mawili kama mbuzi katikati ya barabara, kisha akaomba arudishiwe utepe, kwa kuwa ni mali ya serikali.

"Panda umvue," alisema Bibi.

Hakupanda. Samaki wa kopo waliachwa; tuliwala, kwa sababu hatuna ugomvi na samaki.

Asubuhi Mjomba Ayakan alimbeba babu mgongoni, sisi nyuma na upatu, tukalipanda jabali. Mlangoni mwa pango tulikuta alama za rangi nyekundu, zile ambazo wapimaji wa kampuni huziacha pale watakapoanzia kukata. Ilibidi tuzikanyage ili tuingie. Sijidanganyi. Watarudi na afisa mwingine na utepe mwingine, na siku moja watampata chifu mwenye mapigo ya moyo. Mjomba mwenyewe aliniambia njiani kwamba wale watu wa mjini bado wanamwita.

"Utaenda?"

"Nyamaza, shika ncha ya nguo isiburuzike."

Tukamkalisha babu kati ya baba yake na dada yake. Mjomba alikaa naye kitambo, mgongo ukiwa umelowa jasho. Bibi Umbing alimwekea tambuu karibu na mkono, akamnyooshea shati, akainama sikioni kwake.

"Umefika, mzee," alimwambia. "Ukisikia hodi, usifungue."