Kijani Kitupu

Mjukuu wangu Shamsia anafanya kazi kwenye ofisi moja pale Kibiti. Anatazama kompyuta yenye uso mweusi, maandishi yanapita mfululizo kama siafu. Ni vipimo vya mto, vinatumwa na mashine zilizofungwa huko bondeni. Macho hayawezi kusoma yote, basi ameiwekea kompyuta kanuni: mstari unaosema mto umejaa uwe mwekundu, unaosema umepungua uwe kijani. Akiona nyekundu, anavipigia simu vijiji.

Jumatatu nilimpelekea chakula. Mkuu wake, Abdulaziz, alinipa kiti chake, akasimama yeye.

"Leo shwari, Bibi," Shamsia akasema. "Kijani kitupu."

"Maana yake?"

"Mto umepungua. Hakuna mafuriko."

"Na mwezi je? Ni mpevu, bamvua hilo linakuja, bahari itajaa kupita kawaida. Mto ukiwa mdogo, bahari inapandisha chumvi mpaka mashambani. Mpigie Mwanaharusi azibe tuta la shamba, maji ya chumvi yasiingie."

Mwanaharusi ni mdogo wangu, analima mpunga kijiji cha Mbuchi, karibu na bahari. Ndiye aliyemlea Shamsia mpaka akamaliza shule ya msingi.

Abdulaziz akacheka, bila ubaya. "Bibi, tukipiga simu kwa mistari ya kijani, watatuita waganga."

Shamsia naye akacheka. "Nitampigia baadaye."

Nami sikupiga. Simu yangu ilikuwa mkobani, na namba ya mdogo wangu ninayo. Niliona haya kubishana na waliosoma.

Alhamisi tukiwa tunakula nyumbani, Mwanaharusi akapiga mwenyewe. Nikaweka sauti ya juu.

"Dada, chumvi imeingia. Mpunga ulikuwa unachanua, sasa wote mweupe, umeungua."

"Hukuziba tuta?"

"Dadi jirani yangu aliziba tangu Jumatatu. Nikamcheka! Nikamwambia, mwenzio nina mtoto ofisini, anautazama mto kutwa. Kungekuwa na jambo angenipigia."

Shamsia aliichukua simu. "Bibi mdogo, niliona. Iliandikwa mto umepungua. Mimi ndiye niliyeupa mstari ule rangi ya kijani."

Nilimsikia mdogo wangu akivuta pumzi.

"Basi, mama. Usilie. Umekula lakini?"

Wali ulikuwa mbele ya Shamsia, mchele wa shamba lile, wa mwaka jana.