Filamu ya Janet Imevuka Mpaka

Mwanangu Duncan ana duka dogo Malaba, pale malori yanapopanga foleni kuingia Uganda. Dereva anaweza kukaa pale siku mbili au tatu, kwa hiyo analeta flashi, Duncan anamjazia filamu. Hatukuona ubaya wowote.

Janet, binti wa marehemu Okwara wa Budalang'i, alitengeneza filamu ya mafuriko akaiweka mtandaoni, mahali ambapo mtu hulipa kidogo ndipo atazame. Wenye mtandao walimwahidi kwamba watazamaji wakitosha kufikia Pasaka, watagharamia filamu ya pili. Hiyo ingekuwa ya babake, aliyechukuliwa na mto Nzoia. Hayo yote mimi sikuyajua.

Duncan aliipata kwa njia zake. Aliponionyesha nilimwona mamake Janet amebeba godoro kichwani, maji yakimfika kifuani, nikalia. Nikaomba nijaziwe flashi, nikawapelekea akina mama wa kanisa ili mtoto wetu ajulikane. Nao wakawapa wengine. Duncan akawajazia madereva.

Wiki mbili kabla ya Pasaka Janet alikuja kunisalimu, na mkate mkononi. Yeye huniita Kukhu, yaani nyanya.

"Kukhu, nimekuwa staa!" alisema akicheka. "Tanboi mmoja, msaidizi wa dereva wa lori, ananiambia ameiona filamu yangu huko Tororo, Uganda. Lakini mtandaoni watazamaji hawaongezeki. Sijui watu wanaionea wapi."

Duncan aliinamia kikombe chake.

"Ni mimi, mjukuu wangu," nikasema. "Niliigawa. Nilidhani nakutangaza."

"Na Kukhu aliitoa wapi?"

"Kwangu," Duncan akajibu. "Lakini dada, filamu ni filamu. Watu wakikuona si ndiyo raha?"

"Ungekuta mtu anagawa samaki wako sokoni, ungesema samaki ni samaki?"

Duncan akafungua kompyuta, akaifuta filamu mbele ya Janet.

"Asante," Janet alisema. "Ila malori yameshavuka."

Hakunipigia kelele. Alinimiminia chai, akaniwekea sukari kama ninavyopenda.

Jumapili nilisimama mbele ya akina mama nikaeleza kosa langu.

"Sasa tufanyeje, Mama Duncan?" Adeke, mmoja wao, akauliza. "Mimi nilishalia. Nirudishe machozi?"

Walicheka kidogo, kisha wakatoa simu. Maurine, mwalimu wa watoto wa kanisa, aliwaonyesha namna ya kulipa, mmoja mmoja, hata wale wasiojua kusoma. Duncan naye akawaomba madereva wailipie. Wengine walikubali. Wengine walimwambia, "Boss, nishaiona, nilipe ya nini?"

Pasaka ikafika, watazamaji hawakutosha.

Janet alinipigia simu mwenyewe, nisije nikasikia kwa watu. Alisema shule zikifunguliwa atarudi kwenye kazi yake ya kufundisha, shuleni Sigalame.

"Na filamu ya babako?"

"Hawataigharamia tena, Kukhu," alisema. Kisha akaniuliza kama nimekula.