Zuio Halikumtaja Mzee

Jentrix alirudi mtaani kwake Lindi mchana huo na zuio la mahakama mkobani na kiburi tele usoni, na kwa nini asiwe nacho? Shemeji yake Wabwire alikuwa amemtesa tangu mumewe Wangila azikwe. Leo kamkatia maji, kesho kawaambia wapangaji wahame, keshokutwa kaleta mafundi wapime mabati. Akufukuzaye hakwambii toka. Sasa mahakama ilikuwa imesema: Wabwire, wala wakala wake, wala mtumishi wake, asimtoe mjane, asibomoe, asiuze, mpaka kesi isikizwe.

"Lakini mama, sikiza," wakili alikuwa amemwonya kwenye ngazi za mahakama. "Hili ni zuio la muda. Linamlinda aliye ndani. Ukihama, hata kwa hasira, tutarudi kwa jaji na nini? Lala humo humo."

"Nitatoka nikiwa maiti," Jentrix alijibu.

Maneno rahisi hayo.

Alipofika kwenye nyumba ile waliyoijenga na Wangila chumba baada ya chumba, alimkuta Wabwire kizingitini anatafuna muwa, anatema makapi hovyo. Jirani yake Nereah, fundi wa nguo, alikuwa amesimama kando, mikono kiunoni, amenuna.

"Niaje, shem," Wabwire alisema. Hakuinuka.

"Toka mlangoni kwangu. Soma hii."

Alisoma, tena kwa sauti, huku anacheka, mtu mzima bure kabisa. "Iko sawa. Mimi sijaingia. Hapa wamesema Wabwire. Wapi wamesema mzee?"

"Mzee gani?"

Nereah ndiye aliyejibu. "Baba mkwe wako, Jentrix. Ameletwa asubuhi kutoka Bungoma. Amelala kwa kitanda yako."

Ala! Kwao mkamwana hampi baba mkwe mkono. Wakikutana njiani, mmoja hupisha. Anapolala mmoja, mwingine hakanyagi, na kitanda chenyewe hata hakitajwi. Miaka yote ya ndoa yake, sukari na blanketi za Krismasi alimpelekea Mzee Naftaly kwa mikono ya watu wengine, kwa kumheshimu. Na Wabwire alijua hayo yote, shetani yule! Alijua kwamba yeye polisi wangemtoa, lakini Jentrix angetolewa na adabu yake, tena kwa miguu yake mwenyewe.

"Si ukalale kwa Nereah?" Wabwire alisema. "Wiki moja, mbili. Halafu tuulize korti nani ako ndani."

"Huna haya wewe," Nereah alimwambia.

"Wewe shona nguo zako."

Watu walianza kujaa. Jentrix alisogea mpaka kwenye pazia la mlango, akageuza uso pembeni, akasema kwa upole. "Baba, nakuomba utoke. Nitakupeleka Kawangware kwa Joan, binti yako. Utalala vizuri huko."

Sauti ya mzee ilitoka ndani, nzito, haina wasiwasi. "Nyumba ya mwanangu ni yangu. Ulikuja na sanduku, utaondoka na sanduku."

Hapo hasira ikampanda, hasira ambayo hata siku ya matanga hakuwa nayo. Sanduku! Nani aliyebeba mawe ya msingi na mimba ya miezi minane? Nani aliyemwosha Wangila alipokuwa hawezi kugeuka, huku Wabwire akituma salamu tu?

"Jentrix, usi—" Nereah alianza.

"Kwani adabu ni yangu peke yangu?" Jentrix alisema, akafunua pazia, akaingia, akaketi kitandani kando ya miguu ya mzee.

Mzee alipiga ukemi. Adabu ile ilimfunga na yeye pia, na Wabwire katika ujanja wake wote hakuwa amelifikiria hilo. Mzee alijifunika uso kwa blanketi, akapapasa ukuta, akatoka nje na kiatu kimoja. Hakuna aliyecheka. Wabwire mwenyewe alisimama mdomo wazi.

"Umenivua nguo mbele ya watu!" mzee alilia.

"Ulijivua mwenyewe, baba, ulipopanda kitanda changu."

Mzee alisema polepole, kila mtu asikie. "Basi kaa na mabati yako. Lakini ile nafasi kando ya Wangila, nimeifunga. Kwangu huzikwi."

Wabwire alimshika baba yake mkono, wakaondoka kuelekea Laini Saba, na watu wakawapisha.

Nereah alikuja mpaka kwenye kizingiti. "Ni hasira tu. Atasahau."

"Hatasahau." Jentrix alikuwa bado ameketi palepale, na machozi yalimtoka asiyafute. Kila alipoenda nyumbani Bungoma alikuwa akisimama pale kando ya kaburi, akiitazama ile sehemu yenye nyasi na kujua kwamba ni yake. "Na kaburi, Nereah? Kuna jaji wa kuzuia hilo?"

"Njoo kwangu ule kitu," Nereah alisema.

"Siwezi kutoka," Jentrix alisema. "Niletee humu."