Tambuu Aliyoikataa Kila Mkuu

Mak Senah alikuwa akikunja majani ya tambuu, chokaa ikimmwagikia sarunini. Wakuu watatu wa Kuala Sembilu walikuwa wamekuja kumtaka Malkia Kencana aolewe. Mak Senah ndiye aliyemnyonyesha Malkia huyo, na alijua: malkia akishaolewa, kiti ni cha mume.

Malkia alikuwa kaketi kando yake nyuma ya pazia la hariri, katulia kama maji mtungini.

"Tuanku," Datuk Wiraja, waziri, akaanza kwa sauti ya asali, "mwaka wa saba huu mwanamke anatawala wanaume. Majirani wanatucheka. Olewa."

"Na asiwe mgeni," akadakia Datuk Jenal, jemadari wa marikebu. Datuk Kamil, mkuu wa bandari, akaitikia kwa kichwa.

"Mmesema kweli, baba zangu," Malkia akajibu.

Jani likamponyoka Mak Senah.

"Basi chagueni mmoja wenu. Ambaye wenzake wawili wataitafuna tambuu yake, huyo ndiye mume wangu, Ijumaa hii hii."

Mak Senah akakisukuma kijaluba cha tambuu nje ya pazia. Nchi nzima ilijua: ukitafuna tambuu ya mfalme umekuwa mtu wake, wewe na kizazi chako.

Datuk Wiraja hakungoja. Akachukua moja, akamnyoshea Jenal.

"Nitafune yako wewe, unayetapika hata ukipanda mtumbwi?" Jenal akaipokonya, akamnyoshea Kamil.

"Ebu toa mkono! Babu yako alimpigia babu yangu makasia."

Kamil naye alipoishika, wenzake walicheka hadi vilemba vikalegea. "Huyu? Mkewe tu hamtii!"

Wakabishana mpaka adhana ya adhuhuri, jani likanyauka. Mwisho Datuk Wiraja akapiga magoti.

"Tuanku, tumetafakari. Heri ubaki hivi hivi."

"Nyote mnasema hivyo?"

"Sote!" wakasema wengine wawili, na hilo ndilo pekee waliloafikiana siku ile. Mmoja mmoja wakapokea tambuu mbichi mkononi mwa Malkia, wakatafuna.

Walipokwisha kutoka, Mak Senah alijitupa chini, miguu kainyosha, akashusha pumzi kama aliyetua kuni.

"Ewe mwanangu! Na wangekubaliana je?"

Malkia alikuwa kashika mbavu kwa kicheko. "Hao, mama? Hao hata mvua ikiwanyea hawakubaliani kwamba wamelowa."