Kamanda Akinyamaza

Wifi yangu hana sifa za mdomo. Nasema mapema ili mtu asije akadhani namsengenya. Hata angekuwa amekaa hapa ningesema, naye angenyamaza, na huko kunyamaza kwake ndiko kulikoleta haya yote. Mimi nimeolewa na mdogo wake. Kwenye karakana yetu ya ushonaji yeye ndiye mkuu wa mafundi na mimi ndiye mkata vitambaa. Nyumbani yeye ni shangazi wa wanangu. Kwa hiyo nikigombana naye sina pa kukimbilia, ni yeye asubuhi na yeye jioni.

Mbele yake vijana wanamwita Mama. Nyuma yake wanamwita Kamanda, na jina hilo sikulianzisha mimi, ingawa nilicheka sana nilipolisikia.

Karakana ni chumba kimoja kirefu. Cherehani zimepangwa chini ya madirisha, katikati iko meza yangu ya kukatia, na kule mwisho kuna pasi na rafu ya kazi zilizokwisha. Tunashona mapazia, sare na vifuniko vya makochi. Kazi ikiisha, Kamanda huitandaza mezani, akapitisha kidole gumba juu ya mshono mzima, akageuza ndani nje, akavuta kidogo kuona kama uzi umeshika. Akiona kosa, atasema, na utatamani ardhi ipasuke ikumeze. Asipoona kosa, huikunja, huiweka rafuni na kwenda zake. Basi. Hivyo ndivyo alivyofundishwa na fundi wake, na hivyo ndivyo alivyotufundisha sisi. Kazi ikienda rafuni bila neno, sisi wa zamani tulikuwa tunakonyezana kwa furaha. Hatukuhitaji zaidi ya hapo, au ndivyo nilivyokuwa nikisema.

Shida ilikuwa vijana hawakai. Mmoja aliondoka saa ya chakula cha mchana, hakurudi hata kuchukua mwavuli wake. Mwingine aliaga kwa ujumbe wa simu siku ya mapumziko, tena na picha ya mkono unaopunga. Mwishowe tajiri, yaani mwenye karakana, akamwita Kamanda ofisini. Akamwambia amebakiwa na vijana wawili tu, na hao nao wakiondoka, ataleta mtu mwingine wa kuongoza watu, yeye arudi kwenye cherehani kama fundi wa kawaida. Kamanda alinisimulia jikoni kwangu huku akikoroga mboga, kwa sauti ileile ambayo angeniambia nje kuna manyunyu. Lakini alitia chumvi mara mbili. Tulikula hivyohivyo na hakuna aliyethubutu kusema.

Mimi nilikuwa upande wake moja kwa moja. Nilimwambia watoto wa siku hizi wanataka kupigiwa makofi kwa sababu tu wamefika kazini. Wanataka uwaulize wamelalaje, wanajisikiaje, na kama kiti kinawafaa. Yeye alisikiliza, akafuta mikono, akaenda kwake.

Hao wawili waliobaki walikuwa Miwani na Chaja. Miwani ni binti mwembamba, mkono wake mwepesi ajabu, na akishona hupandisha miwani puani kila baada ya mshono. Chaja ni kijana mcheshi ambaye hujawahi kumkuta bila waya wa simu mkononi akitafuta pa kuuchomeka. Nilikwisha kumpiga marufuku kugusa soketi ya pasi, na bado naikuta simu yake pale imejilaza kama mgeni wa heshima.

Ikaja kazi ya pazia la jukwaa, la ukumbi wa shule moja. Lilikuwa la mahameli, rangi ya damu ya mzee, vipande viwili vikubwa vinavyokutana katikati, vyenye bitana nyuma na pindo pana chini. Mahameli haina msamaha. Ukiichoma pini mahali pasipostahili, alama inabaki inakutazama. Kamanda akawapa Miwani na Chaja kazi yote, kuanzia mwanzo hadi mwisho. Kwa sisi tunaomjua, hiyo ilikuwa heshima kubwa. Mimi mwenyewe nilisubiri miaka kabla ya kupewa mahameli. Ila hakuwaambia kwamba ni heshima. Wao wakadhani wametegwa ili wakiharibu wapate kufukuzwa. Hilo nililijua baadaye.

Ijumaa alasiri wakamaliza. Kamanda akaja, akapitisha kidole, akageuza, akavuta. Alikaa muda mrefu kwenye pindo. Halafu akaacha pazia limetandazwa mezani, kwa sababu rafuni lisingeenea, akachukua mkoba wake, akatoka. Mimi nilimtazama mgongo wake nikajua amefurahi, maana alikuwa anatembea polepole. Nikamfuata, sikuona haja ya kuwafafanulia vijana jambo lililo wazi.

Kumbe nyuma yetu roho zao zilikuwa mkononi. Miwani akapiga picha ya pindo, akaituma kwenye kundi letu la simu, akauliza kwa adabu kabisa kama kuna kasoro yoyote. Kamanda akafungua, akasoma, na zile alama mbili zikageuka bluu. Hakujibu. Kwake yeye kutojibu ndiyo jibu: ingekuwepo kasoro, angesema. Kwa wao, mtu aliyesoma akanyamaza ni mtu aliyekasirika hadi maneno yamemwishia.

Jumatatu asubuhi Kamanda na mimi tuliingia pamoja. Sakafu ilikuwa imejaa nyuzi, tena nyuzi za damu ya mzee. Miwani na Chaja walikuwa kwenye cherehani, macho mekundu, wamekuja tangu Jumamosi kwa ufunguo wa akiba. Walikuwa wamefumua pazia lote. Pindo, bitana, mikunjo ya juu, kila kitu. Kipande kimoja walikwisha kukishona upya kwa mshono mdogo zaidi. Cha pili kilikuwa kimelala mezani kama kilivyotoka dukani. Na pazia lilitakiwa kutundikwa kesho yake asubuhi.

Kamanda alisimama mlangoni. Akanyamaza. Safari hii kimya kilikuwa cha mshtuko, lakini nani angejua, wakati vimya vyake vyote vina sura moja? Miwani alianza kulia bila sauti. Chaja akasema kwa haraka kwamba kosa ni lake, kwamba yeye ndiye aliyesema wafumue, kwamba wangemaliza kabla ya jioni. Mimi nilitaka kuwafokea. Nilikwisha kufungua mdomo kabisa. Kamanda akaninyamazisha kwa mkono.

"Kwa nini mmefumua?" akauliza.

"Hukusema kitu, Mama," akajibu Miwani. "Umelitazama, umekwenda. Nimekuuliza, umesoma, hukujibu. Tukajua ni baya sana."

"Nani aliyekwambia ni baya?"

"Hakuna aliyeniambia chochote. Tangu nimefika hapa hakuna aliyeniambia chochote. Kila jioni narudi nyumbani nikijua kesho nafukuzwa."

Miwani akavua miwani, akaifuta kwa ncha ya blauzi, na akasema kwamba kuna duka la nguo limemwita kazini. Wanataka jibu lake leo. Hakusema kwa kutisha, alisema kama mtu anayetua mzigo.

Nilimtazama wifi yangu. Nilijua anachokiona: binti huyu akienda, na kijana atamfuata, na tajiri ataleta mtu wake. Nilidhani ataomba. Hakuomba. Alivua koti, akakalia cherehani iliyo karibu na Miwani, akavuta kipande cha pili na kusema tuanze na bitana.

Tulishona siku nzima. Mimi nilikuwa nalaza mikunjo, Chaja akiishika, wale wawili wakishona bega kwa bega. Hakukuwa na mazungumzo zaidi ya nipe uzi, vuta huko, acha hapo. Lakini niliona Kamanda akitazama jinsi wanavyobana pindo kabla ya kulishona. Hawakutumia pini. Walitumia vibanio vya kuanikia nguo, vile vya mbao, na chini ya kila kibanio walitia kipande cha kitambaa laini ili kisiache alama. Alikuwa ameliona hilo tangu Ijumaa, sasa nilielewa kwa nini alikaa sana kwenye pindo. Mara mbili alifungua mdomo. Mara mbili akaufunga na kuomba mkasi. Nikampiga teke chini ya meza. Akanitazama kwa jicho la shangazi, nikaacha.

Kabla giza halijaingia, uzi wa mwisho ukakatwa. Nikupunguzie wasiwasi: pazia lilitundikwa kesho yake, likafunguka na kufungika vizuri, na tajiri alilizunguka akitafuta la kusema akalikosa. Lakini la maana lilitokea pale karakana, jioni ile, tulipolitandaza mezani na Kamanda akaanza kupitisha kidole.

Alipitisha mshono mzima. Akageuza. Akavuta. Miwani na Chaja walisimama bega kwa bega kama wanaosubiri kutajiwa majina. Kamanda akaacha kitambaa, akaushika mkoba wake, akapiga hatua kuelekea mlangoni. Nikajisemea, ndiyo basi tena, wifi, umejimaliza mwenyewe.

Akasimama. Akageuka.

"Ni zuri," akasema, kwa shida, kama anayeng'olewa jino. "Na la Ijumaa lilikuwa zuri."

Miwani akapandisha miwani puani. "Zuri wapi, Mama?"

Nilitaka kumfinya. Mtoto umepewa neno ambalo sisi hatukulisikia maisha yetu yote, na bado unauliza wapi? Lakini Kamanda alirudisha mkoba mezani, na hapo ndipo nilipobaki mdomo wazi, kwa sababu alianza kusema. Alitaja vibanio vile na vitambaa chini yake, akasema hata fundi wake asingewaza hivyo. Alisema jinsi pembe ya kushoto ya pindo ilivyokaa bila uvimbe. Kisha akatoka kwenye pazia akaingia kwenye mambo ambayo mimi nilikwisha kuyasahau. Aproni ya kwanza aliyoshona Miwani, mfuko wake ulivyonyooka. Zile sare za wauguzi, vifungo vyote vimekaa mstari mmoja. Kifuniko cha kochi cha mistari alichoshona Chaja, mistari ya mgongo ikakutana na ya kiti bila kukosea. Mto ule wa duara. Pazia la jikoni la yule mteja mkorofi. Alikuwa nayo yote kichwani, kazi moja baada ya nyingine, tangu siku walipoingia, na kila moja alijua ilikuwa nzuri kwa sababu gani.

Alipomaliza alikuwa anahema.

"Mbona hukusema?" akauliza Miwani.

"Nilidhani mnajua."

Chaja alicheka, kisha akageukia dirishani akajifanya anatafuta waya wake. Miwani hakucheka. Alitoa simu, akaandika ujumbe mfupi, akatuonyesha wote bila kuulizwa: aliwashukuru watu wa dukani na kuwaambia ana kazi. Kamanda aliusoma, akatikisa kichwa kukubali. Halafu, maana sasa alikwisha kujifunza, akasema kwa mdomo, "Nimefurahi."

Ningeishia hapo na ingekuwa hadithi nzuri ya wifi yangu na vijana wake. Lakini nilikuwa nimesimama kwenye meza yangu ya kukatia, nakunja na kukunjua kitambaa kilekile, na nilijua kwa nini. Ni wivu. Mimi, mtu mzima, niliyesema watoto wa siku hizi wanataka makofi, nilikuwa nawaonea wivu watoto. Nikajaribu kuufanya mzaha.

"Na sisi wengine, wifi?" nikasema. "Au muda wetu umekwisha?"

Kamanda alikuwa anavaa koti. Hakuhitaji hata kufikiri.

"Kola ya shati la harusi la mdogo wangu," akasema. "Ulilishona pale, kwenye cherehani ya mlangoni. Sijaona kola kama ile mpaka leo."

Mdogo wake ni mume wangu. Shati lile nililishona mwenyewe wiki ya harusi yetu, nikampelekea wifi alitazame. Alipitisha kidole, akalikunja, akanirudishia bila neno. Wanangu sasa wananizidi urefu.

Niliinama nikaanza kutafuta chaki chini ya meza, na nilikaa huko muda mrefu, kwa sababu sikutaka vijana wanione.