Mlamba Aibu na Sahani za Mama Jamil

Chini ya kitanda cha Wekulo kulikuwa na vitu viwili ambavyo havikuwa vyake: sahani za jirani, na kidude kisicho na macho.

Sahani zilikuwa za Lela, Mama Jamil, Mswahili wa Pwani aliyekaa mlango wa pili hapo mtaani Mbotela. Enzi za Nabalayo, mke wa Wekulo, Lela akileta mahamri yamefunikwa kitambaa, sahani ilirudi na njugu za kukaanga au fungu la kunde. Tupu haikurudi hata siku moja. Wale wanawake wawili waliishi hivyo mpaka Nabalayo akafa katika hospitali iliyoishiwa na hewa ya mitungi. Wakubwa wakikohoa hupandishwa ndege. Mke wa kibarua huambiwa asubiri.

Baada ya mazishi Lela aliendelea kuleta chakula. Wekulo alikula, akaosha sahani, kisha akaikodolea macho. Aweke nini ndani? Kule Industrial Area, kwenye viwanda, alikuwa akisimama getini tangu alfajiri akitafuta kibarua, na msimamizi akawaita watu wake tu. Akaisukuma sahani chini ya kitanda. Ikaja nyingine, nayo akaisukuma huko huko.

Ndipo kidude kikaja, kidogo kama panya, rangi ya majivu, ulimi mrefu umelowa. Masikio ya Wekulo yakiwaka kwa aibu, kilimpanda shingoni kikamlamba, na aibu ikatoka kama mwiba unaong'olewa mguuni. Raha iliyoje! Lakini pale kilipolamba palibaki hasira. Basi Wekulo alitoka nje akapiga kelele bombani: serikali ya kaunti wezi, maji hakuna, msimamizi mbwa. Watu wakaitikia, "Sema, mzee!" Na alichosema kilikuwa kweli tupu. Ila alikisema kila alipomwona Lela akija, ili asimtazame machoni.

Akakiita Mlamba Aibu. Kikanenepa kama paka, kisha kama mbuzi.

Ijumaa moja Lela akabisha hodi.

"Baba Nafula," akamwita Wekulo kwa jina la mtoto wake, "naomba zile sahani. Ni za marehemu mamangu. Jamil anaoa Jumapili, wageni wanakuja."

Masikio yakawaka. Ulimi ukapita shingoni, na Wekulo akafoka: "Sahani, sahani! Mke wangu ameuawa na serikali, wewe unanidai vyombo? Nyinyi nyote ni wale wale!"

Lela alikaza leso yake. Huyu ndiye aliyemshikia Nabalayo beseni akitapika, Wekulo akiwa getini anatafuta kibarua.

"Pole, baba," akasema, akaenda zake.

Ile pole ilimchoma kuliko tusi. Kidude kikainuka tena, tumbo likitikisika kwa shangwe, na Wekulo akaelewa kuwa kilichokinenepesha si aibu yake tu, ni Lela aliyekuwa akiliwa pale. Akaifunika shingo kwa mikono yake miwili. "Toka!" Aibu ikamshuka nzima nzima, kama uji wa moto kifuani, na safari hii hakuna aliyemsaidia kuibeba.

Kesho yake asubuhi maji yalikuja, kwa hiyo mtaa mzima ulikuwa bombani. Wekulo akapita katikati yao na sahani zimepangwa hadi kidevuni.

"Haiya!" Warigia, muuza chapati, akapaza sauti. "Baba Nafula umefungua hoteli na hujatuambia? Leo kuna nini, maharagwe?"

Wakacheka. Kidude kilimfuata kikijisugua kwenye miguu yake, ulimi nje, kikiomba kulamba mara moja tu. Neno serikali lilikuwa tayari mdomoni. Wekulo akalimeza.

"Zimerudi tupu, Mama Jamil," alisema mlangoni kwa Lela. "Zote. Nabalayo hangekufanyia hivi. Na jana nilikutukana bila kosa."

Lela akazigeuzageuza. "Hii ina ufa."

"Ni mimi."

"Najua ni wewe. Ungesema ni gavana ningekufungia mlango." Akaziweka chini. "Mikono unayo? Kesho kuna vitunguu gunia zima. Njoo mapema."

Jumapili Wekulo alikaa kwenye kigoda nyuma ya masufuria, akimenya, machozi yakimtiririka.

"Mzee, unalilia bwana harusi ama bibi?" vijana wakamtania.

"Vitunguu," akajibu. Hakuwa amemlilia Nabalayo tangu mazishi, alikuwa amempigia kelele tu.

Jioni Lela alimpa pilau, katika sahani ile yenye ufa. Wekulo akaipokea kwa mikono miwili, uso umeinama. Kizingitini kwake kidude kilikuwa kikimngoja, kimesinyaa kama panya, ulimi nje. Akakiruka, shingo ingali inawaka, akaingia kutafuta kama kwenye mkebe wa Nabalayo kulibaki njugu.